Jukwaa Tupu si Mkono Mtupu

Kila linapozuka suala la michezo ya kuigiza katika visiwa vyetu, hoja mbili hushindana kutangulia mbele. Ya kwanza hutoka kwa wasanii wenyewe: hatuna ukumbi, hatuna taa, hatuna mavazi, tutaigiza wapi, na kwa kitu gani? Ya pili hutoka maofisini: sanaa haihitaji fedha nyingi, wazee wetu walicheza uwanjani chini ya mwembe, na wala hawakuomba fungu katika bajeti. Kila upande umeshika ncha yake ya kamba na kuvuta, na kamba haisogei.

Leo tunawaomba radhi wasomaji wetu kwa kuwachukua mbali kidogo, hadi Uingereza na Ufaransa, tukatazame maisha ya mtu mmoja ambaye kazi yake inazijibu hoja zote mbili kwa pamoja, na kuzikosoa zote mbili. Mtu huyo ni Peter Brook, mwongozaji wa michezo ya kuigiza, aliyezaliwa London tarehe 21 Machi 1925 na kufariki dunia Paris tarehe 2 Julai 2022, akiwa na umri wa miaka 97.

Huenda msomaji akauliza mwongozaji ni nani hasa, kwa kuwa haonekani jukwaani wala jina lake halimo katika maneno yanayotamkwa. Mwongozaji ni mfano wa nahodha. Hakukiunda chombo, hatweki tanga kwa mkono wake, wala shehena si mali yake. Lakini yeye ndiye anayeamua chombo kishike upande gani, na kikipanda mwamba lawama ni yake. Mtunzi huleta maneno, waigizaji huleta miili na sauti zao, naye mwongozaji huyaunganisha hayo yote hata yakawa kitu kimoja chenye maana mbele ya macho ya watu.

Brook aliianza kazi hiyo mapema mno. Wazazi wake walikuwa wahamiaji wa Kiyahudi waliotoka Latvia. Mwaka 1943, akiwa kijana wa miaka 18 tu, aliongoza mchezo wake wa mwanzo mjini London. Mwaka 1946 alikwishaongoza mchezo wa Shakespeare huko Stratford-upon-Avon, mji alikozaliwa bingwa huyo ambaye wasomaji wa Kiswahili wanamfahamu kwa tafsiri za Mwalimu Julius Nyerere. Mwaka uliofuata, akiwa na miaka 22, alikabidhiwa uongozi wa maonyesho katika Jumba la Kifalme la Opera la Covent Garden. Hapo alipata kila kitu ambacho msanii huweza kukitamani: jukwaa kubwa, wanamuziki, mafundi, mapazia ya mahameli, na watazamaji wa tabaka la juu. Mwaka 1949 alionyesha opera ya Salome, na mandhari yake akamwachia mchoraji wa Kihispania, Salvador Dalí, ayabuni. Mambo yalikuwa makubwa kupita kiasi, makelele yakazuka, na kijana yule akaiacha kazi ile.

Hilo halikumvunja moyo. Mwaka 1955 aliongoza mchezo wa Titus Andronicus, akiwa na Laurence Olivier na Vivien Leigh, waigizaji waliokuwa katika kilele cha umaarufu wao. Mwaka 1962 alileta King Lear, akiwa na Paul Scofield. Naye akaiingiza nafsi ya mfalme yule mzee katika jukwaa lililopunguzwa mapambo hata likawa karibu na uwanja mtupu. Mwaka 1964 akaonyesha mchezo wa Marat/Sade wa Peter Weiss, ambamo wagonjwa wa hospitali ya wendawazimu wanaigiza habari za mapinduzi ya Ufaransa. Mchezo huo ulivuka bahari hadi New York na kumpatia tuzo kubwa kabisa ya michezo ya kuigiza nchini Marekani.

Hapa ndipo tunapopenda kutua. Wahenga walisema mgema akisifiwa tembo hulitia maji, na katika fani ya sanaa methali hiyo ina ushahidi kila siku. Mtu akishangiliwa kwa jambo moja, hulirudia jambo hilo hadi mwisho wa uhai wake. Brook alifanya kinyume. Kadiri sifa zilivyozidi, ndivyo alivyozidi kupunguza vitu. Mwaka 1968 alichapisha kitabu kidogo kiitwacho The Empty Space, yaani uwanja mtupu. Hoja yake ni nyepesi kuieleza na nzito kuitekeleza: mahali popote patupu panaweza kuwa jukwaa, maadamu yupo mtu anayetenda na yupo mtu anayemtazama. Katika kitabu hicho aliigawa michezo ya kuigiza mafungu manne, na la kwanza akaliita mchezo uliokufa: ule unaorudia desturi bila ya kujua sababu, ambao watazamaji huupigia makofi kwa adabu tu, kisha wakaenda zao wakiwa vilevile walivyoingia. Onyo lake lilikuwa kwamba mchezo wa aina hiyo haukai mbali. Unaweza kuvaa nguo nzuri na kukaa katika ukumbi wenye heshima kuliko zote nchini.

Mwaka 1970 aliyaweka maneno hayo katika vitendo. Alipoongoza A Midsummer Night's Dream, mchezo ambao kwa miaka mingi ulikuwa haufikiriwi bila ya msitu wa miti ya kuchora na majini wenye mbawa, yeye aliondoa msitu wote. Aliwaweka waigizaji ndani ya sanduku kubwa jeupe lililobuniwa na Sally Jacobs, wakabembea kwenye pembea za sarakasi na kuchezesha visahani juu ya fimbo. Watu walitazama weupe mtupu na wakauona msitu. Onyesho lile likazunguka nchi nyingi, na mpaka leo linatajwa miongoni mwa makubwa ya karne iliyopita.

Mtu mwingine angejenga nyumba juu ya ushindi huo na kupumzika. Yeye mwaka huohuo alihamia Paris, na akishirikiana na Micheline Rozan akaanzisha kituo cha kimataifa cha utafiti wa michezo ya kuigiza. Waigizaji wake walitoka Japani, Marekani, Uingereza, Ufaransa, Mali na kwingineko. Swali lao lilikuwa moja: je, watu wasiokuwa na lugha moja, dini moja wala desturi moja wanaweza kuelewana kwa njia ya mchezo?

Kutafuta jawabu wakaja katika bara letu. Kuanzia Desemba 1972 kundi lile lilisafiri kwa takriban siku 100, likalivuka jangwa la Sahara kwa magari ya Land Rover, likapita Algeria, Niger, Nigeria, Mali na Dahomey, ambayo tangu mwaka 1975 inaitwa Benin. Hawakubeba jukwaa, hawakubeba mapazia. Walibeba zulia. Wakifika kijijini waliomba ruhusa kwa wazee, wakalitandaza zulia uwanjani, na watu wakakusanyika pembeni. Katika mji wa In Salah, huko Algeria, mchezo wao wa mwanzo ulizaliwa na jozi ya viatu. Mwigizaji mmoja alivivua viatu vyake vilivyojaa vumbi la safari, akaviweka katikati ya zulia. Watu wote wakavikazia macho. Viatu vile, ambavyo nje ya zulia havikuwa na thamani yoyote, vikawa habari. Na kutokana na habari ile mchezo ukaanza.

Wasanii wetu tunawaomba waitafakari sana picha hiyo. Yule aliyekwisha kukalia kiti cha Covent Garden alikaa chini mchangani, mbele ya watu wasiojua jina lake, akajifunza upya kazi aliyoifanya kwa miaka 30. Hapana mwanasanaa wa visiwa hivi anayeweza kusema baada ya hapo kwamba amekwama kwa sababu ya kukosa pazia. Mkeka tunao. Viwanja tunavyo. Hadithi tunazo. Kama mchezo wetu haupendezi mkekani, basi hata tukijengewa jumba la marumaru hautapendeza. Utakuwa umekufa palepale, ila katika jeneza la ghali zaidi.

Lakini wakubwa wetu maofisini wasikimbilie kutabasamu, kwani hadithi haijaisha. Iko nusu ya pili, na nusu hiyo inawahusu wao.

Zulia lile halikutandazwa bure. Waigizaji walikula, walilala, magari yalihitaji mafuta, na mazoezi ya miezi mingi yalilipiwa na mifuko iliyokubali kutoa fedha bila ya kudai kuuza tiketi. Kabla ya hapo, huko Uingereza, Brook alifanya kazi katika kundi la Royal Shakespeare Company, lililokuwa likipokea ruzuku kutoka katika hazina ya umma. Mnamo mwaka 1964 kundi hilo lilimwachia kufanya majaribio na waigizaji wachache, majaribio ambayo hapana aliyejua yatazaa nini. Yalizaa mengi, Marat/Sade mojawapo. Ufukara wa jukwaa la Brook ulikuwa ni uamuzi wa kisanaa. Haukuwa ni njaa. Kuchagua kuondoa mapazia ni jambo moja, na kunyimwa hata taa ni jambo jingine. Anayevichanganya viwili hivyo, ama hajaelewa, ama ameelewa vyema ila anatafuta kisingizio. Mkono mtupu haulambwi, na mwigizaji naye ana watoto wa kulisha.

Yatazameni majengo aliyoyatumia. Mwaka 1974, nyuma ya stesheni ya reli ya Gare du Nord mjini Paris, Brook alifungua tena ukumbi wa Bouffes du Nord. Ulijengwa mwaka 1876, ukafungwa mwaka 1952, na kwa zaidi ya miaka 20 ukasahauliwa, kuta zikababuka na viti vikaoza. Wajenzi wa kawaida wangeshauri uvunjwe. Yeye alishauri uwe salama, kisha uachwe na makovu yake. Kuta hazikupakwa dhahabu. Zilibaki na rangi zake za kale zilizochujuka, watazamaji wakakaa kwenye mabao karibu kabisa na waigizaji, na bei ya kiingilio ikawa nafuu. Mchezo wa ufunguzi ulikuwa Timon of Athens wa Shakespeare, kwa Kifaransa. Serikali ya Ufaransa ikasaidia kwa ruzuku, na mgeni yule kutoka Uingereza akadumu katika nyumba hiyo zaidi ya miaka 30.

Ikaja kazi yake kubwa kuliko zote. Tarehe 7 Julai 1985, katika machimbo ya mawe ya Boulbon karibu na Avignon, alionyesha Mahabharata, utenzi mkongwe wa Kihindi ulioandikwa kwa ajili ya jukwaa na Jean-Claude Carrière. Mchezo ulichukua takriban saa 9, na wakati mwingine ulianza jioni ukaisha alfajiri. Miongoni mwa waigizaji wake alikuwamo Sotigui Kouyaté, mzaliwa wa Mali kutoka katika ukoo wa magwiji wa kusimulia historia, ambaye heshima na utulivu wake jukwaani uliwafanya watu wa Ulaya watambue kwamba Afrika ilikuwa na chuo cha usemaji kabla ya wao kujenga vyuo vyao.

Mchezo huo ulipotakiwa kwingineko, ulitafutiwa mahali. Mwaka 1987, mtaani Brooklyn katika jiji la New York, ukumbi wa kale ulioitwa Majestic, uliokuwa umefungwa tangu mwaka 1968, ulifufuliwa kwa msaada wa fedha za jiji, na kwa makusudi ukaachwa ufanane na gofu la Paris. Mwaka 1988, huko Glasgow, halmashauri ya mji ililitengeneza jengo lililowahi kuwa banda la magari ya tramu ili Mahabharata ipate pa kuonyeshwa. Hapakuwa na mji mwingine Uingereza nzima uliouonyesha mchezo ule. Mchezo ulikwenda zake, lakini jengo lilibaki. Likaitwa Tramway, likawa kituo cha sanaa cha watu wa Glasgow, na miaka miwili baadaye mji huo ukashika taji la mji mkuu wa utamaduni wa Ulaya.

Jina la Majestic si geni kwa wakaazi wa Unguja. Nasi tunayo Majestic yetu pale Vuga, ambayo wazee wanaikumbuka kwa sinema zake, na ambayo ilikaa miaka mingi bila ya kuonyesha picha. Tunayo Ngome Kongwe, ambayo tangu mwaka 1998 imepokea tamasha la filamu na kuthibitisha kwamba ukuta wa zamani hauoni haya kubeba sanaa mpya. Na mbali na majengo hayo yenye majina, maghala na majumba ya zamani ambayo hayana kazi si haba mijini na mashamba. Tukiyatazama kwa jicho la mkandarasi, tunaona mzigo. Tukiyatazama kwa jicho la Brook, tunaona nyumba ambayo tayari imekwisha kujengwa, inayongoja kusafishwa, kuimarishwa paa, na kufunguliwa mlango.

Hatutakuwa waadilifu, hata hivyo, tukimsifu mtu huyu bila ya kutaja upande wake wa pili, maana upande huo nao una somo kwetu, tena somo chungu.

Mwaka 1975 Brook alionyesha mchezo ulioitwa Les Iks, uliohusu watu wa kabila la Ik waishio milimani kaskazini-mashariki mwa Uganda. Mchezo ulitokana na kitabu cha mwanaanthropolojia Colin Turnbull, kilichotoka mwaka 1972. Turnbull aliwakuta Waik wakiwa wamepoteza maeneo yao ya uwindaji yaliyoingizwa katika hifadhi ya Kidepo, na wameshikwa na njaa kali. Akaandika kwamba njaa imewafuta utu, hata mzazi hamjali mwana. Waigizaji wa Brook, ambao hapana hata mmoja wao aliyekuwa Mwik, walijifunza kukaa na kutembea kama watu wenye njaa, na watazamaji wa Paris na wa miji mingine walitoka ukumbini wakiwa wameguswa. Lakini mwaka 1985 mwanaisimu wa Kijerumani, Bernd Heine, aliyekwenda kwa Waik na kuisoma lugha yao, aliandika kuikosoa vikali picha ile na kuonyesha kwamba watu aliowaona yeye hawakufanana na wale wa kitabuni.

Adhabu ya kaburi aijuaye maiti. Waik ndio waliolala na njaa, lakini walipoonyeshwa mbele ya dunia wao hawakuwapo: hawakuulizwa, hawakutazama, wala hawakupewa nafasi ya kujibu. Hatusemi kwamba Brook alikuwa na nia mbaya. Kila dalili inaonyesha kwamba alisikitika kikweli. Tunasema kwamba huruma ya mgeni, hata ikiwa kubwa namna gani, haiwezi kushika mahali pa sauti ya mwenyewe. Jambo hilohilo lilijitokeza katika Mahabharata. Mhakiki wa Kihindi, Rustom Bharucha, alimshutumu kwa kuichukua hazina ya India na kuitenga na maisha ya watu wanaoiamini. Brook alishikilia kwamba utenzi ule ni wa India na pia ni wa binadamu wote. Sisi tunaona kuna ukweli pande zote mbili. Hadithi njema haina mipaka, lakini ina kwao, na mwenye kwao hastahiki kupitwa.

Haki inatutaka tuongeze kwamba katika miaka yake ya baadaye Brook aliwasikiliza zaidi waandishi wa Afrika wenyewe. Alionyesha mjini Paris michezo iliyotungwa na Waafrika wa Kusini wakati wa ubaguzi wa rangi, mmojawapo ukiwa Woza Albert!, na mwaka 2004 alileta habari za Tierno Bokar, mwanachuoni wa Kiislamu wa Mali, kama zilivyoandikwa na mwanafunzi wake Amadou Hampâté Bâ. Mtu aliyeanza kwa kusema juu ya Afrika alimalizia kwa kuiachia Afrika iseme. Safari hiyo ilimchukua takriban miaka 30, na sisi hatuna sababu ya kuirudia kutoka mwanzo.

Tunayatoa mapendekezo yetu kwa heshima. Kwa wakuu wa serikali: kwanza, kila wilaya itenge jengo moja lisilokuwa na kazi, likaguliwe na wahandisi, liimarishwe, kisha likabidhiwe vikundi vya michezo ya kuigiza kwa masharti yanayoeleweka. Pili, liwepo fungu la kila mwaka, hata likiwa dogo, litakalolipia mazoezi badala ya kulipia siku ya sherehe peke yake; maana kikundi kinachoitwa wiki moja kabla ya sikukuu ili kiwaburudishe wageni hakiwezi kuzaa jambo la kudumu. Na tatu, fungu hilo livumilie kushindwa. Mchezo mmoja mbaya si wizi wa mali ya umma. Kuna michezo mibaya mingi nyuma ya kila mchezo mzuri, na aliyetaka yai lisilovunjika hakuwahi kuona kifaranga.

Kwa wasanii: msingoje jengo hilo ndipo muanze. Tandazeni mkeka leo. Waulizeni wavuvi wa Nungwi, wakulima wa karafuu wa Pemba, akina mama wanaolima mwani kule Paje na Jambiani, wawaambie habari zao wenyewe, nao wawe watazamaji wa mwanzo wa kuwasahihisha. Msipofanya hivyo atakuja mwingine, mwenye zulia zuri zaidi na nia safi, ataifanya kazi hiyo kwa niaba yenu, nanyi mtabaki kulalamika kwamba amekosea.

Mcheza kwao hutunzwa, waliambiwa wazee wetu, nao wakatwambia sisi. Methali hiyo ina pande mbili za wajibu: mchezaji acheze, na wenye mji watunze. Peter Brook alicheza ugenini kwa nusu ya umri wake, na akatunzwa na watu wasiokuwa wake. Wachezaji wetu wako nyumbani, na sisi wengine ndio wenye mji.